Ufunguo wa Njia ya Mfereji

Brandkolk
Jumatatu, 14 Aprili 1997
Asubuhi baridi, mawingu membamba upande wa mto, upepo hakuna.

Mzee wangu,

Barua yako ilifika Ijumaa. Mistari michache, na nusu yake ni malalamiko kuhusu uji wa hospitali. Kidonda cha mguu je? Sukari je? Nijibu hayo kwanza, uji utafuata.

Hapa tu wazima. Mbuzi mweupe amezaa mapacha. Yule kijana aliyeshika kazi yako ya ulinzi wa mfereji haonekani ila siku ya mshahara, na matete yameanza kuota ndani ya maji. Ukirudi utakuwa na wa kumgombeza.

Sasa habari yenyewe. Watoto wa marehemu Mzee Burger wameuza shamba la mizabibu. Mwenye shamba mpya anaitwa Lategan, kijana tu, ametoka Cape Town. Hata hajamaliza kufungua masanduku, wezi wakamkatia nyaya za pampu. Basi amevuta waya kutoka mtoni mpaka mlimani, na pale njia ya mfereji inapoingia kwake ameweka lango la chuma lenye kufuli.

Usiruke kitandani. Nilifika langoni na kikapu changu cha dukani, nikapiga hodi kama mtu mwenye adabu. Akaja mwenyewe, kofia mkononi.

"Mama, wewe si mke wa yule mlinzi wa mfereji aliye hospitali?"

Nikamwambia ndimi. Akasema amesikia habari zako, pole sana, na haifai mama wa umri wangu apande mawe ya mlimani kwa sababu ya wezi. Akaenda ndani, akarudi na ufunguo, akanikabidhi kwa mikono miwili. Nami nikaupokea kwa mikono miwili. Ameomba mambo mawili tu: nifunge kila nikipita, na nisimwazime mtu.

Kwa hiyo dukani, kliniki na kanisani nafika kama zamani. Naona kijana ana moyo, na naona aliyemheshimu ni wewe.

Kula huo uji.

Mkeo,
Drieka


Hospitali, Kimberley
23 Aprili

Drieka, mwalimu wangu wa hali ya hewa,

Hapa hali ya hewa ni dirisha moja, na limefungwa.

Sukari inapanda na kushuka kama nyani. Kidonda madaktari wanakiangalia. Wanakiangalia sana.

Ufunguo mrudishie.

Najua unakunja uso. Ngoja nieleze, mkono unauma kwa hiyo sitaeleza mara mbili. Kitanda cha jirani kuna Mzee Seleke, Mtswana, alikuwa mkalimani wa mahakama maisha yake yote, maneno ya mahakimu yamemganda kichwani. Nilimsomea barua yako. Akaketi. Akasema: "Kooper, mkeo ameombwa kuingia kwenye mtego na ameingia akisema asante." Akanieleza hivi. Watu wakipita mahali miaka na miaka bila kumwomba mtu, ile ni haki yao, hata shamba likiuzwa mara kumi. Lakini wakianza kupita kwa ruhusa ya mwenye shamba, basi wanapita kwa hisani yake, na hisani inakwisha siku akiamka vibaya.

Njia ile hatukupewa na Burger, wala baba yake. Babu zetu walichimba mfereji ule kwa mikono. Sisi tunapita kwa mabeleshi yetu. Kila mwaka juma kavu likifika, maji yakifungwa, kila nyumba inashuka kusafisha kipande chake, na aliyesafisha anapita mwaka mzima. Hiyo ndiyo sheria yetu, hakuna ufunguo ndani yake.

Wewe umepiga hodi kwenye njia uliyopita tangu ukiwa mgongoni mwa mama yako.

Halafu niambie: Mieta Vries anapita wapi? Watoto wa shule wanapita wapi? Hujaandika.

Mumeo,
Apools


Brandkolk
Jumatatu, 5 Mei 1997
Umande mzito, jua limechelewa, moshi wa majiko umelala chini.

Mzee wangu,

Barua yako nimeisoma nimesimama, kisha nimeketi, kisha nimeikunja, nikaenda kukamua mbuzi kwa hasira mpaka akanipiga teke.

Ni rahisi kwako kusema rudisha. Wewe hubebi unga. Nilipewa kitu kwa mikono miwili, ulitaka nimwambie kijana wa watu kwamba sikitaki? Mama yangu angefufuka.

Umeuliza wengine wanapita wapi. Wanapita mlimani. Watoto wa shule wanaondoka gizani ili wawahi, na mdogo wa Katrina Titus ameshavimba kifundo cha mguu. Na mimi hawanisemeshi. Alhamisi nilipita nyuma ya nyumba ya Mieta, wanawake wameketi wanachambua zabibu kavu, Mieta akasema kwa sauti, "Inukeni jamani, Bi Kufuli anapita." Mwingine akauliza, "Bibi, tukiugua usiku tukuamshe wewe au tumwamshe mzungu wako?" Wakacheka. Nami nikacheka kidogo, sijui kwa nini. Nilipofika langoni nikafungua, nikapita, nikageuka kufunga. Walikuwa wananitazama, wote. Kufuli lilipolia nililisikia mpaka kwenye meno.

Lakini bado sijaona kosa langu liko wapi. Mimi sikujenga lango.

Nimekutumia jozi ya soksi, sufu ya kijivu. Nimefuma laini upande wa kisigino kwa ajili ya kidonda.

Drieka


Hospitali, Kimberley
26 Mei

Mke wangu,

Samahani kwa kuchelewa. Nilikuwa na homa, wakanihamisha chumba, wakanirudisha. Sasa mwandiko unaona wenyewe, kama kuku amekanyaga wino. Usiwe na wasiwasi. Homa imekwisha na kidonda hakiniumi tena.

Soksi zimefika. Hakuna mtu wadi hii mwenye soksi kama zile. Ya kushoto nimempa Mzee Seleke kwa sababu yeye amebaki na mguu wa kushoto tu, na usiku kunakuwa baridi. Alilia kidogo, akasingizia mafua.

Wale wanawake ni wajinga kukucheka, lakini hawajakosea. Na wewe hukukosea kuwa na adabu. Kosa na adabu vimepitana njiani, basi. Rudisha ufunguo, Drieka, kwa adabu ile ile.

Nina swali. Ule ubao wa kuvukia pale mlango wa maji wa tatu, upana wake ni kiasi gani? Nilikuwa nauvuka kila siku na sijawahi kuuangalia. Na pale chini ya mwerebi, mizizi bado imeinua njia au mvua imesawazisha?

Naulizauliza tu. Mtu akilala sana anatembea kichwani.

Apools


Brandkolk
Jumatano, 4 Juni 1997
Barafu nyembamba kwenye ndoo, anga safi, baridi ya kukata masikio.

Mzee wangu,

Nafurahi kidonda hakiumi.

Ufunguo nimerudisha. Sasa napita mlimani na wenzangu. Magoti yanalalamika lakini yatazoea. Mieta amenisalimu, si sana.

Ubao una upana wa shubiri tatu za mkono wangu, na upande mmoja umeoza. Mizizi ya mwerebi imeinuka kuliko ulivyoiacha. Jana maji yalikuwa yamepungua pale mlango wa tatu, nikaliona lile birika lako la kahawa ulilolidondosha mwaka ule tukagombana. Limekaa kwenye tope, mdomo juu, kana kwamba linasubiri moto. Nilicheka peke yangu.

Nimekaanga mafuta ya mkia wa kondoo na kuoka mkate makaani, kisha nikakumbuka kwamba niko peke yangu, nikampelekea Katrina nusu.

Daktari amesema lini utarudi? Hujaandika.

Drieka


Hospitali, Kimberley
13 Juni

Drieka,

Barua yako nimeisoma mara nyingi. Ni nzuri, nimemsomea Seleke habari za birika, amecheka mpaka muuguzi akaja.

Lakini, mke wangu, birika lile haliwezi kuonekana kutoka mlimani. Ukiwa juu, mwerebi unaziba mlango wa tatu wote. Kuliona ni lazima usimame juu ya ubao na kuinama. Na mtu anayepita mlimani mwezi wa sita hawezi kuandika barua nzima asiseme kwamba mishubiri imechanua. Wewe unayeandika mpaka umande! Mlima mzima unakuwa wa manjano na ndege wanapigana, na wewe hukuona hata ua moja?

Ufunguo bado unao.

Sikugombezi. Miaka yote hii hujawahi kunidanganya ila kuhusu bei ya viatu. Nataka tu kujua kwa nini.

Apools


Brandkolk
Ijumaa, 20 Juni 1997
Upepo wa kaskazini tangu alfajiri, vumbi jekundu, nguo nimeanua chafu kuliko nilivyoanika.

Mzee wangu,

Ndiyo, ninao. Uko mfukoni mwa aproni ninapoandika.

Siku ile niliyokuandikia nilikuwa nimeamua kweli kuurudisha. Nilianza barua kwanza, nikaandika "nimerudisha" ili nisiweze kurudi nyuma. Halafu nikaichukua barua yako ya soksi ili nijibu maswali yako ya ubao, nikaisoma tena.

Apools, mtu mwenye miguu miwili hagawi soksi moja.

Nilikaa pale mezani mpaka jiko likazimika. Kidonda hakiumi tena. Homa, chumba kingine, upana wa ubao, mizizi. Ulikuwa unapima njia ya magurudumu, na mimi, nikijua, nikakujibu kwa shubiri kama mtoto wa shule anayefurahia hesabu. Ungeniambia lini? Ungeshuka kwenye gari la hospitali barabarani, ndipo nione?

Sasa unajua kwa nini. Gari halifiki kwetu. Kutoka barabara ya lami kuna mlima, na kuna njia ya mfereji. Mlimani hakuna kiti cha magurudumu kinachopita, hata mbuzi wanachagua mahali pa kukanyaga. Nikirudisha ufunguo, wewe utafikaje nyumbani? Nikibaki nao, nafungua, nakusukuma, nafunga, na Mieta aniite jina analotaka. Nilikuwa tayari kuitwa Bi Kufuli mpaka nizikwe.

Nimekasirika na wewe sana. Ni upande gani? Nadhani ni wa kushoto. Walipoukata ulikuwa macho au walikulaza usingizi? Kulikuwa na mtu?

Wako,
Drieka


Hospitali, Kimberley
27 Juni

Drieka wangu,

Ni wa kushoto, chini ya goti. Seleke alinishika mkono usiku wote wa kwanza, yeye ambaye hawezi kufika chooni peke yake. Kwa hiyo kulikuwa na mtu.

Sikukuambia kwa sababu nilitembea juu ya mfereji ule tangu ujana. Nilikuwa nasikia tundu la panya kwa kisigino kabla sijaliona kwa macho. Nilidhani nikikuandikia "mguu umekatwa" nitakuwa nimeukata mara ya pili. Nikaona kwanza nijue ubao unatosha. Ubao ukitosha, nilisema, nitamwambia. Ukaniandikia shubiri tatu. Kiti kinataka zaidi. Ndipo nikanyamaza.

Sasa nisikilize. Ukinipitisha pale kwa ufunguo, nitapita. Nitakuwa nyumbani, nitakula mkate wako. Lakini nitakuwa nimeingizwa. Kila nitakapotaka kwenda kliniki nitategemea kwamba bwana mdogo ameamka vizuri. Na nitakutana na mtoto wa Katrina ameshuka mlimani na kifundo kimevimba, nitamwambia nini? Kwamba mimi nilikatwa mguu, kwa hiyo yeye apande mawe?

Juma kavu linaanza tarehe saba. Mrudishie kabla ya hapo. Shuka na beleshi langu, lile la mpini uliofungwa waya. Kipande chetu ni kutoka mwerebi mpaka mlango wa tatu, unakijua.

Kama njia haitafunguka, Jakob Snyders ana mkokoteni na punda wabishi. Watanifunga kama gunia, watanivusha mlimani. Nitatukana njia nzima, lakini nitafika. Usiogope kwa ajili yangu.

Mumeo, wa mguu wa kulia
Apools


Brandkolk
Jumanne, 8 Julai 1997
Baridi kavu, hakuna wingu, mfereji kimya tangu Jumapili maji yalipofungwa.

Mzee wangu,

Nina malengelenge mikononi, kwa hiyo mwandiko leo ni sawa na wako.

Jumamosi nilikwenda kwa Lategan, mlango wa mbele. Nikamkabidhi ufunguo kwa mikono miwili.

"Mama Drieka, kuna nini? Kufuli limekwama?"

"Halijakwama, bwana. Nakurudishia. Asante."

"Lakini nilikupa ili usipate taabu. Kuna mtu amekusema?"

"Wamenisema sana. Ila kosa ni langu. Nilipokea kitu ambacho hakikuwa chako kunipa."

Uso ukamwiva mwekundu. Akasema alifikiri anafanya wema. Nikamwambia alifanya, na sitausahau. Akasema pampu, akasema wanunuzi wa zabibu wa ng'ambo wanataka shamba lenye uzio. Nikamwambia wezi wa nyaya hawapiti njiani mchana na vikapu. Nikarudi kupitia mlimani. Mishubiri imechanua, Apools. Ulisema kweli, mtu hawezi kunyamaza.

Jioni nilikwenda kwa Mieta. Nilimkuta anakaanga vitumbua. Nikamwambia ufunguo nimerudisha, na nikamwambia habari ya mguu wako. Aliweka mwiko chini. Akasema, "Na wewe ulikuwa umekaa na hilo peke yako, tukikuita majina?" Nikasema ndiyo. Akasema, "Mjinga wewe." Akanipa vitumbua vyote.

Jumatatu alfajiri tulishuka, nyumba zote za chini. Lango limefungwa. Mtu hakuligusa. Mfereji unapita chini ya lango, na ukiwa mkavu ni barabara. Tukaingia ndani ya tope, tukasafisha kipande kwa kipande, tukapita chini ya ule uzio tukiwa tumeinama, tukatokea upande wa pili weusi mpaka shingoni. Mieta alikwama kiuno. Ilibidi tumsukume. "Polepole, hiki si kizibo cha chupa!" Utasikia habari hii mpaka tufe.

Tukafika kipande cha shamba la Burger. Matete yamejaa, tope halijaguswa tangu mwenyewe afe. Tukaweka mabeleshi chini, tukaketi ukingoni, tukamimina kahawa. Unajua desturi. Mzee Burger hakuwa malaika, lakini kila juma kavu alikunja suruali akatia beleshi la kwanza kwenye kipande chake, na hakuna aliyeanza kabla yake.

Lategan akaja mbio. "Mbona mmekaa?"

Mieta akasema, "Tunakusubiri wewe, bwana mdogo. Kipande hiki ni chako."

"Nitawaleta wafanyakazi wangu."

"Wafanyakazi wako ndio sisi," akasema Mieta. "Ila leo hatujaja kazini. Leo ni majirani. Kunywa kahawa, kisha vua viatu."

Nilimwona anatuangalia mmoja mmoja, kama mtu anayejaribu kukumbuka majina na kugundua kwamba hakuwahi kuyauliza. Kisha akaketi, akavua viatu, akavua soksi. Miguu yake ni myeupe kama maziwa. Nikampa beleshi lako. Hatua ya pili tu, akazama mpaka magotini na kubaki pale kama kigingi. Jakob Snyders akamuuliza, "Bwana, tukuletee ufunguo?" Hata yeye alicheka. Tulimvuta, wawili huku, wawili kule, na tope likamwachia kwa sauti ambayo siwezi kuiandika kwenye barua.

Alichimba mpaka mchana. Tope linatakiwa litolewe kwa toroli, na toroli lina njia moja tu. Mara ya kwanza alifungua kufuli, akapita, akafunga. Mara ya pili akafungua, akapita, akasahau kufunga. Mara ya tatu toroli likagonga lango likapinduka, likamwagikia miguu yake yote miwili. Akalitazama lango. Akaenda zake, akarudi na spana, akaling'oa kwenye bawaba zake, akaliegemeza kwenye mti wa mpopla.

Nasi hatukumpongeza. Mtu hapongezwi kwa kutoa kitu njiani. Mieta alimmiminia kahawa nyingine, basi.

Sijui kesho. Uzio bado upo, nguzo bado zipo, na mkutano wa wenye zamu za maji ni mwezi ujao. Lakini asubuhi hii nilipita, na lango liko pale pale kwenye mpopla, kuku amelala juu yake.

Rudi.

Drieka


Hospitali, Kimberley
15 Julai

Mke wangu,

Barua yako imesomwa wadi nzima. Muuguzi mkuu ameisoma kwa sauti, akatia na sauti ya tope.

Seleke anasema: mkalimani hatakiwi kuongeza neno lake, lakini kwa mara moja ataongeza. Anasema, "Vizuri."

Wananileta Jumamosi tarehe 26, gari la hospitali, mpaka barabarani. Seleke anabaki. Hana mtu wa kumpokea ila binti aliye mbali. Amekataa kurudisha soksi.

Naogopa, Drieka. Si lango. Naogopa utakavyoniona.

Apools


Brandkolk
Jumamosi, 26 Julai 1997
Asubuhi ukungu juu ya maji, ukaondoka kabla ya saa tatu. Mchana joto zuri la majira ya baridi, upepo hakuna.

Mzee wangu,

Umelala nyuma ya pazia, nakusikia unakoroma, na bado nakuandikia. Mkono umezoea. Utaisoma kesho ukinywa kahawa, na ukitaka utanijibu kwa mdomo.

Niliogopa pia. Kwenye gari ulionekana mdogo, umefunikwa blanketi la watu. Kisha ukamwona Mieta, ukasema, "Huyu alipitaje chini ya uzio?" na nikajua ni wewe.

Wote walitaka kukusukuma, mkagombana njia nzima. Chini ya mwerebi niliona ukiangalia mizizi. Jakob aliikata Alhamisi, akajaza changarawe. Pale mlango wa tatu ameweka ubao wa pili kando ya ule wa kwanza, nami nimepima mwenyewe, si kwa shubiri safari hii. Ulisimamisha kiti juu yake ukatafuta birika. Halipo, tumelitoa siku ya kusafisha. Ndilo lililochemsha kahawa uliyokunywa jioni, na hukulitambua kwa sababu nililisugua.

Kwenye zile nguzo mbili ulisema, "Simameni." Nikadhani umechoka. Ukasema, "Niacheni. Hapa napita mwenyewe." Lategan alikuwa kati ya mizabibu na mkasi wa kupogolea. Alivua kofia. Wewe ulimpungia mkono kama jirani anavyompungia jirani, ukashika magurudumu, ukasukuma. Hukupiga hodi. Nasi tulisimama nyuma yako mpaka ukafika upande wa pili, ukageuka, ukasema, "Mnangoja nini? Mnataka ruhusa?"

Uliniuliza barabarani nimekuonaje, na sikukujibu mbele ya watu. Nilikuona umechelewa. Basi, hiyo tu.

Nimekuvua soksi ya kulia, nimeifua, iko juu ya jiko. Kisigino kimeanza kulegea. Kesho nitaanza kufuma jozi nyingine ya kijivu: moja yako, na moja ya Kimberley.

Nimefunga mbuzi. Maji yanapita nje, yanasikika.

Saa tano kasorobo usiku. Nazima taa, nakuja kulala.

Drieka